Maji ya Ngarambe Jukwaani

Sisi tunaoishi Mtanda, hapa Lindi mjini, kila Ijumaa Kuu tunaigiza Njia ya Msalaba. Kijana mmoja hubeba msalaba, wengine huwa askari wa Pilato, na sisi tuliobaki huwa umati unaopiga kelele. Majirani zetu Waislamu, ambao ndio wengi katika mji huu, hutoka barazani kutazama, na wapo wanaokumbuka mfuatano wa vituo kuliko baadhi yetu tuliobatizwa. Hatujawahi kuliita jambo hilo siasa. Hata hivyo, ukitazama kwa makini, kinachoigizwa ni kesi: liwali wa dola ya kigeni, mtuhumiwa aliyefungwa kamba, wakuu wa dini wanaoogopa ghasia, na hukumu inayotolewa ili mji utulie.

Tunaanza na Ijumaa Kuu kwa sababu ya ombi lililoletwa na vijana wa parokia mwaka mmoja. Walitaka kuigiza tamthilia ya Ebrahim Hussein iitwayo Kinjeketile, tena mwezi wa Agosti. Katika kikao mzee mmoja akasimama, akawauliza kwa upole: "Wanangu, na Askofu je? Mtampigia makofi mtu ambaye vita vyake vilimwua Askofu wetu?" Kikao kilinyamaza. Hakuna aliyekuwa na jibu siku ile, na yafuatayo ni matokeo ya kulitafuta.

Tuanze na yale yaliyotokea. Serikali ya Wajerumani, chini ya Gavana von Götzen, iliwalazimisha watu wa pwani na bara yake kulima pamba katika mashamba ya pamoja. Mtu aliacha shamba lake la mtama likiota majani, akaenda kulima pamba chini ya jumbe na akida, na malipo yalikuwa madogo kiasi kwamba wapo waliokataa kuyapokea. Mwaka 1904 huko Ngarambe, upande wa Rufiji, akatokea Kinjikitile Ngwale. Ilisemwa kwamba pepo Hongo alimpanda, kwamba alizama majini akatoka mzima, na kwamba alikuwa na dawa ya maji ya kuwakinga watu na risasi. Watu wakamiminika kwake kutoka pande nyingi. Yeye aliwaambia wasubiri. Wamatumbi walichoka kusubiri, na mwezi Julai 1905 wakang'oa pamba huko Nandete. Ndivyo vita vilivyoanza. Kinjikitile alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905, siku chache tu baada ya vita kuwaka, kwa hiyo hakuona jinsi maji yake yalivyosafiri mpaka Liwale, Masasi na Songea.

Siku kumi baadaye, tarehe 14 Agosti, Askofu Kasiani Spiss, Mbenediktini, aliuawa Mikukuyumbu karibu na Liwale. Alikuwa ametoka Kilwa akielekea Peramiho. Aliuawa pamoja na mabruda wawili, Andreas Scholzen na Gabriel Sonntag, na masista wawili, Felicitas Hiltner na Cordula Ebert. Misheni za Nyangao na Lukuledi ziliharibiwa, na ile ya Waanglikana huko Masasi pia. Wamisionari waliosalimika walikimbilia hapa Lindi. Sista Walburga Diepolder wa Nyangao hakufika. Mwaka uliofuata, 1906, Wabenediktini walianza upya mahali pengine, Ndanda.

Haya ndiyo tuliyofundishwa tangu katekisimu. Askofu aliuawa na watu waliodanganywa na mganga. Tulikua tukijua majina ya masista wale, lakini hatukujua jina la hata mmoja wa watu waliokufa kwa njaa baada ya askari kuchoma vyakula mashambani na maghalani. Wajerumani wenyewe walikisia waliokufa kuwa 75,000. Mwanahistoria Gilbert Gwassa, aliyewahoji wazee wa huku kwetu, aliona kwamba walifikia kati ya 250,000 na 300,000, na wengi wao waliuawa na njaa, si risasi. Kuna familia hapa Lindi ambazo babu zao walizikwa upande huu wa hesabu, na wajukuu wao ndio wanaoimba kwaya siku ya kumkumbuka Askofu.

Sasa tuje kwenye jukwaa. Ebrahim Hussein alizaliwa mwaka 1943 katika pwani yetu hii ya kusini, akasomea sanaa za maonyesho katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 1968 idara ya historia ya chuo hicho ilikuwa imewatuma wanafunzi vijijini kukusanya masimulizi ya wazee kuhusu Maji Maji. Kwa mara ya kwanza habari za vita zilitoka kinywani mwa waliovipigana na watoto wao, badala ya kutoka katika ripoti za maofisa. Mwaka 1969 tamthilia ya Hussein ikachapishwa. Yeye mwenyewe alionya kwamba Kinjeketile wake si yule wa historia bali ni mtu wa kubuniwa, na hata herufi mbili za jina ni tofauti.

Kumbuka mwaka huo ulikuwaje, ndugu msomaji. Azimio la Arusha lilikuwa na miaka miwili. Mwezi Februari 1969 Eduardo Mondlane wa FRELIMO aliuawa kwa bomu Dar es Salaam, na vijana wa Msumbiji walikuwa wakifunzwa vita Nachingwea, katika mkoa huu huu wetu. Ng'ambo ya Ruvuma, Mreno alikuwa bado anatawala. Swali la watu wasio na silaha za kutosha wanaotaka kumwondoa mwenye bunduki lilikuwa likipita barabarani ndani ya malori. Rais mwenyewe alikuwa mtu wa tamthilia: Mwalimu Nyerere alikwisha kutafsiri Julius Caesar ya Shakespeare, na mwaka huo huo wa 1969 ikatoka Mabepari wa Venisi. Wafanyabiashara wa Shakespeare walipoingia Tanzania walikuta jina la mabepari likiwangoja! Serikali ilipenda sanaa yenye kufundisha siasa yake. Ngonjera za Mathias Mnyampala zilisomwa shuleni kueleza ujamaa, na watoto wengi wa rika letu walizighani mbele ya wageni kwenye sherehe.

Kinjeketile nayo iliingia shuleni, ikafundishwa kama hadithi ya umoja: makabila yaliyogawanyika yakaunganishwa na maji. Hilo limo kweli. Lakini tulipoisoma tena tukiwa watu wazima, pamoja na vijana wale, tuliona kwamba mtunzi hakuandika sifa tupu. Kinjeketile wa jukwaani anatoka majini na ahadi kwamba Mjerumani akishaondoka watu watakuwa watoto wa Seyyid Said. Baadaye anaingiwa na hofu. Je, Hongo kweli ndiye aliyesema? Kama tunamwondoa bwana mmoja ili tuwe wa bwana mwingine, ahadi hiyo imetoka kwa nani? Anataka watu wangoje, wajifunze vita kwanza, waungane kwanza. Wenzake hawangoji, maana wamelipata neno walilolihitaji na yeye hawezi tena kulirudisha. Mtu aliyewahi kuhubiri atalielewa jambo hilo haraka. Umesema kitu kwa nia moja, na nje ya mlango wa kanisa kimekwisha kuwa kitu kingine.

Halafu kuna mwisho. Vita vimeshindwa, Kinjeketile yuko mikononi mwa Wajerumani, naye anatakiwa kutamka kwamba maji yalikuwa uongo. Kitunda, kamanda wake na rafiki yake, anamsihi aseme, kwa sababu ni kweli: maji hayakuzuia risasi, na watu wamekufa. Kinjeketile anakataa. Hoja yake ni kwamba akikana, Mjerumani hatakwenda kuwaambia watoto kwamba maji tu ndiyo yaliyokuwa uongo. Atawaambia kwamba kupigania ardhi yao kulikuwa kosa.

Hapa ndipo sisi wa imani tulipokwama, na tulikwama kwa majuma kadhaa. Mtu anakataa kusema jambo la kweli. Je, huyo ni shahidi au mdanganyifu? Mmoja wetu alitukumbusha habari za Eleazari katika Kitabu cha Pili cha Wamakabayo. Mzee wa miaka tisini anaambiwa ale nyama ya nguruwe au auawe. Rafiki zake wanamshauri alete nyama yake halali, ajifanye tu anakula ile iliyokatazwa, aokoke. Anakataa kwa ajili ya vijana watakaodhani kwamba Eleazari katika uzee wake amegeukia dini ya wageni. Wote wawili wanakufa kwa ajili ya watoto watakaosikia. Tofauti yao ni kubwa na hatutaki kuifunika: Eleazari alikataa kutenda uongo, Kinjeketile alikataa kutamka ukweli ambao ungefanywa chombo cha uongo. Kwa maoni yetu Eleazari yuko mahali palipo wazi zaidi. Lakini hatuwezi kusema kwamba Kinjeketile alikosea kuhusu Wajerumani. Ukweli ulioombwa gerezani na mwenye kamba mkononi hauombwi kwa ajili ya kweli. Hata Pilato aliuliza kuhusu kweli, akatoka nje bila kungoja jibu.

Tena tukumbuke wapi Kanisa lilikuwa limesimama. Huko Ungoni, kabla ya vita, padri mmoja aliichoma nyumba ya mahoka ya Nkosi Mputa, mahali pa heshima ya wahenga wake. Tarehe 27 Februari 1906 Mputa alinyongwa Songea pamoja na makumi ya wenzake. Wengi wao walibatizwa gerezani kabla ya kunyongwa. Jambo hilo linatufanya tunyamaze kila tunapolisoma. Mkono uliomwaga maji ya ubatizo ulikuwa wa misheni iliyozika watu wake mwaka uliopita, na kichwa kilichomwagiwa kilikuwa cha adui aliyehukumiwa. Kanisa letu la kusini lina wafu katika kambi zote mbili, na wengine walivuka kambi wakiwa chini ya kitanzi.

Kwamba mchezo wa kuigiza unaweza kugusa mambo haya, watawala walilijua mapema kuliko sisi. Mwaka 1977 huko Kamiriithu, Limuru, wakulima na wafanyakazi wa Kenya waliigiza Ngaahika Ndeenda, tamthilia ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ kwa Kikuyu. Ilipigwa marufuku mwezi Novemba baada ya majuma machache, na mwisho wa mwaka Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini bila kesi. Mwaka 1982 jukwaa lenyewe likabomolewa. Mkristo aisome kwa uvumilivu, maana humo tajiri anamshawishi maskini afunge ndoa ya kanisani yenye gharama, na kwa njia hiyo maskini anapoteza kipande chake cha ardhi. Hatuna haki ya kusema ni uzushi. Wapo miongoni mwetu waliokopa kwa ajili ya arusi. Mwaka huo huo wa 1977, katika Uganda ya Idi Amin, Askofu Mkuu Janani Luwum wa Kanisa la Anglikana aliuawa mwezi Februari, na mtunzi wa tamthilia Byron Kawadwa naye akauawa kabla mwaka haujaisha. Askofu na mwigizaji walikuwa wamefanya kosa moja mbele ya dikteta yule: walisimama mbele ya watu wakasikika.

Nasi Lindi, kanisa kuu letu lina jina la shahidi wa Uganda, Andrea Kaggwa, aliyeuawa Munyonyo mwaka 1886 kwa amri ya mfalme wake. Tumezoea kumheshimu aliyekataa kumtii mtawala wa Buganda. Kwa nini basi tulishtuka tulipoombwa kumtazama aliyekataa kumtii gavana? Hatuwaweki pamoja katika kalenda. Kaggwa hakumwaga damu ya mtu, na vita vya Maji Maji vilimwaga hata ya masista. Tunasema tu kwamba mshtuko wetu haukutoka katika imani peke yake. Sehemu yake ilitoka katika yale tuliyofundishwa kuyaogopa.

Vijana waliigiza. Hawakuwa na mavazi ya maana. Askari wa Kijerumani walivaa kofia zile zile za askari wa Pilato, na hadhira ilizitambua ikacheka, halafu ikaacha kucheka. Kabla ya kuanza walisoma majina ya watano waliouawa Mikukuyumbu na la Sista Walburga, kisha jina la Kinjikitile Ngwale, kisha wakakaa kimya kwa ajili ya wale wasio na majina. Utaratibu huo haukupendekezwa na kamati. Waliufanya wenyewe.

Mzee wetu alikaa mstari wa mbele, fimbo katikati ya magoti. Mchezo ulipokwisha hakupiga makofi, wala hakuondoka. Viti vilipokuwa vinakusanywa alimwita kijana aliyekuwa Kitunda, si yule aliyekuwa Kinjeketile, akamwambia: "Wewe ndiye uliyesema kweli, mjukuu wangu. Lakini ungenieleza, baada ya kunyongwa kwake, wewe ulikwenda wapi?" Kijana akajibu kwamba kitabuni hakikuandikwa. Mzee akaomba aazimwe kitabu akaangalie mwenyewe. Mpaka sasa hajakirudisha.