Karafuu za Pemba na Fidia za Mikataba Iliyovunjwa

Serikali inapovunja mkataba, mkandarasi hudai fidia. Swali ambalo wanahistoria wetu hawajaliuliza vya kutosha ni nani hasa hulipa. Kwa sehemu kubwa ya historia ya Pemba, jibu lilikuwa limeanikwa juani pamoja na karafuu.

Katika karne ya 19, Sultani wa Zanzibar aliikodisha forodha. Mfanyabiashara alilipa kima maalumu kila mwaka, kisha akajikusanyia ushuru, na watu wake walikuwepo hadi bandari ya Chake Chake. Kampuni ya Jairam Shivji, yenye asili ya Kutch huko India, iliishika kazi hiyo kwa miongo mingi. Kinga yake haikuwa mahakama bali deni: Sultani alikopa kwa mkandarasi wake, na si rahisi kumfukuza anayekudai. Sultani Sayyid Majid alipofariki mwaka 1870, deni zito kwa kampuni hiyo lilimwangukia mrithi wake, Sayyid Barghash. Mwaka 1876 forodha ilihamia kwa mfanyabiashara mwingine, Taria Topan. Wafanyabiashara hawa walikuwa chini ya ulinzi wa Uingereza, hivyo mwenye kudhulumiwa alipiga hodi kwa balozi wa Kiingereza. Mpemba mwenye madai dhidi ya Sultani hakuwa na mlango wa namna hiyo.

Kisa kikubwa zaidi ni cha kampuni ya Imperial British East Africa ya William Mackinnon. Mwaka 1887 Barghash aliipa haki ya kutawala na kutoza ushuru katika pwani ambayo leo ni ya Kenya. Mwaka uliofuata mrithi wake, Sayyid Khalifa, akaithibitisha kwa miaka 50. Haikufika hata 10. Kampuni iliishiwa, na mwaka 1895 Serikali ya Uingereza ikaichukua nchi. Hakukuwa na kesi. Palikuwa na mazungumzo London. Wenye kampuni walilipwa pauni 250,000. Kati ya hizo, 50,000 tu zilitoka Uingereza. Pauni 200,000 zilitoka Zanzibar, nazo zilikuwa sawa na kile ambacho Ujerumani ilikuwa imelipa mwaka 1890 kwa kuitwaa pwani ya Mrima. Bei ya pwani moja iliyopotea ikatumika kuwafidia walioshindwa kuiendesha pwani nyingine!

Pemba haikuwemo katika mkataba ule. Lakini kimbunga cha 1872 kiliangusha mikarafuu ya Unguja na kuiacha mingi ya Pemba, na tangu hapo ushuru wa karafuu za Pemba ukawa nguzo ya hazina ya Sultani. Hazina ikichotwa, iliyochotwa ni jasho la Wete, Mkoani na Chake. Naiona hiyo kuwa dhuluma, na inastahili kuandikwa hivyo katika vitabu vya shule.

Leo mkandarasi ana sheria ya kushika. Mwaka uleule wa kimbunga, India ilitungiwa sheria ya mikataba ambayo baadaye ilikuwa chanzo cha Sheria ya Mikataba ya Zanzibar, Sura ya 149. Humo mkandarasi ana haki ya fidia kwa hasara iliyotokana moja kwa moja na uvunjaji, na aliyenufaika na kazi isiyokuwa ya bure hulazimika kuilipia. Mdai naye anapaswa kupunguza hasara anayoweza kuiepuka.

Wakandarasi wakubwa huenda mbali zaidi ya mahakama za nchi. Tanzania ilipoufuta mkataba wa kampuni ya City Water wa maji ya Dar es Salaam mwaka 2005, mwekezaji wake, Biwater Gauff, aliifikisha mbele ya wasuluhishi wa Benki ya Dunia. Mwaka 2008 walisema Tanzania ilikiuka mkataba wake na Uingereza wa kulinda uwekezaji, lakini hawakutoa hata senti, kwa kuwa kampuni ilikuwa imeshaanguka kabla.

Mjenzi wa skuli kule Micheweni hana wasuluhishi wa Washington. Ana Mahkama Kuu, inayokaa pia Chake Chake, na ana karatasi zake. Basi ndugu mkandarasi, siku ukipokea barua ya kusitishiwa kazi, usiondoke kwenye eneo la ujenzi kabla kazi iliyofanyika haijapimwa na pande zote mbili kutia saini.