Nani Aitikie "Pakawa"? Larry Gelbart na Mamlaka ya Kicheko katika Televisheni ya Marekani

Ikisiri

Makala hii inachunguza safari ya kisanaa ya Larry Gelbart (1928–2009), mwandishi wa ramsa wa Marekani aliyeandikia redio, jukwaa, televisheni na filamu. Hoja kuu ni kwamba safari hiyo inaweza kusomwa kama mgogoro kuhusu swali moja: nani ana mamlaka ya kumwonesha mtazamaji mahali pa kucheka? Kwa kutumia dhana za fanani na hadhira, makala inaonesha kuwa ukimya wa kisanaa uliompa Gelbart sifa ulizaliwa na maafikiano, wala si uhuru kamili.

1.0 Utangulizi

Mtambaji wa ngano hana haja ya kukisia iwapo hadhira yake imefurahi. Akisema "Paukwa", "Pakawa" humrudia papo hapo. Kicheko kikichelewa, hubadili sauti, hurefusha tukio au huongeza chuku. Televisheni iliukata uzi huo. Fanani alibaki studio, hadhira ikabaki sebuleni, na mwitikio haukuwa na njia ya kurudi. Nchini Marekani pengo hilo lilizibwa kwa mashine. Katika miaka ya 1950, mhandisi wa sauti Charles Douglass alibuni kisanduku chenye vicheko vilivyorekodiwa, ambavyo mwendeshaji aliweza kuvichanganya kwa kubonyeza vitufe. Mashine ikawa inaitikia "Pakawa" kwa niaba ya hadhira isiyokuwapo.

Historia za vichekesho aghalabu huwatazama waigizaji. Hapa tunamtazama mwandishi, kwa sababu ni neno lake lililoamuliwa kuwa la kuchekesha kabla mtazamaji hajalisikia.

2.0 Malezi ya Kilugha

Gelbart alizaliwa Chicago, mtoto wa wahamiaji wa Kiyahudi kutoka Ulaya ya Mashariki, na lugha yake ya awali ilikuwa Kiyidi. Familia ilipohamia Los Angeles, baba yake, aliyekuwa kinyozi, alimsifu mwanawe kwa mteja wake, mchekeshaji Danny Thomas. Hivyo Gelbart akaanza kuandikia redio akiwa na umri wa miaka 16.

Redio ilikuwa shule ya sikio. Katika kipindi cha Duffy's Tavern, alichokiandikia mapema, kichekesho kikubwa kilikuwa uborongaji wa maneno: mhusika Archie, msimamizi wa baa, alitumia misamiati mizito asiyoimudu. Baadaye Gelbart alimwandikia Bob Hope na kufuatana naye hadi Korea, Hope alipokwenda kuwatumbuiza wanajeshi wakati wa vita. Katikati ya miaka ya 1950 alijiunga na waandishi wa Caesar's Hour, miongoni mwao Mel Brooks na Neil Simon. Nyota wa kipindi hicho, Sid Caesar, aliweza kuiga Kijerumani au Kifaransa kwa kiimbo na lafudhi tu, bila neno moja la kweli. Kwa mwanaisimu, huo ni ushahidi kwamba sehemu kubwa ya ucheshi hukaa katika mapigo ya sauti kabla ya kufika katika maana.

Mwaka 1962, yeye na Burt Shevelove waliandika matini ya tamthilia ya muziki A Funny Thing Happened on the Way to the Forum, iliyotokana na ramsa za Mroma Plautus. Shujaa wake ni Pseudolus, mtumwa mjanja anayetafuta uhuru kwa hila. Msomaji wa hekaya za Abunuwasi hatamwona mgeni. Ilipojaribiwa Washington, watazamaji waliipokea kwa ubaridi. Mwongozaji Jerome Robbins alishauri wimbo wa ufunguzi ubadilishwe ili uwaambie watazamaji wazi kuwa wamekuja kuona ramsa. Wimbo ukabadilishwa, na vicheko vikaja. Gelbart alijifunza kuwa hadhira huhitaji kufunguliwa mlango wa utanzu. Lakini jukwaani ni kazi yenyewe iliyoufungua, na hadhira iliingia kwa miguu yake.

3.0 Mpaka wa Chumba cha Upasuaji

Mnamo Septemba 1972, mtandao wa televisheni wa CBS ulianza kurusha M*A*S*H, iliyotokana na riwaya ya Richard Hooker ya 1968 na filamu ya Robert Altman ya 1970. Gelbart aliiandikia televisheni na kuiendeleza pamoja na mtayarishaji Gene Reynolds. Mandhari ni hospitali ya jeshi la Marekani katika Vita vya Korea, lakini watazamaji wa wakati ule walikuwa na Vietnam mbele ya macho yao.

CBS ilitaka vicheko vya kurekodiwa. Gelbart na Reynolds hawakuvitaka. Waliafikiana kwamba vicheko viwepo, isipokuwa pale madaktari wanapokuwa katika chumba cha upasuaji. Ni maafikiano ya kiutawala, lakini matokeo yake yalikuwa ya kisanaa. Daktari Hawkeye Pierce hutania kila mahali. Akitania mezani, mashine hucheka. Akitania huku mikono yake ikiwa ndani ya jeraha, hakuna anayecheka, na mzaha uleule unasikika kuwa kinga dhidi ya woga. Isimu inatufundisha kuwa maana hutokana na ukinzani. Ukimya wa chumba kile ulibeba maana kwa sababu nje ya mlango wake kulikuwa na kelele.

Kuna ushahidi unaoelekea kuipinga hoja hii. BBC iliirusha tamthilia hiyo Uingereza bila vicheko, na bado ikapendwa. Hata hivyo, matini yenyewe ilikwisha kuandikwa kwa mapigo mawili: mazungumzo ya haraka yaliyojaa jinasi nje ya chumba, na maneno machache, yaliyokatikakatika, ndani yake. Mashine iliutilia mkazo mpaka ambao tayari ulikuwa katika lugha.

4.0 Jinasi Iliyogeuka Tanzia

Mfano ulio wazi zaidi ni sehemu ya kufunga msimu wa tatu, iliyorushwa Machi 1975 kwa jina la "Abyssinia, Henry". Iliandikwa na Everett Greenbaum na Jim Fritzell, na Gelbart akaiongoza. Abyssinia ni jina la zamani la Ethiopia, lakini likitamkwa haraka kinywani mwa Mmarekani hukaribiana na maneno ya kuagana yenye maana ya "tutaonana". Kanali Henry Blake amemaliza muda wake. Kambi inamuaga kwa mizaha, naye anapanda helikopta kuanza safari ya nyumbani. Kisha Radar, karani wake, anaingia katika chumba cha upasuaji na kutangaza kuwa ndege ya Henry imetunguliwa juu ya Bahari ya Japani. Hakuna aliyenusurika. Waigizaji wengi walipewa ukurasa huo wa mwisho pale tu ulipofika wakati wa kuurekodi.

Jinasi ya jina inatimia hapo. Neno lililosikika kama mzaha wa kuagana linageuka ahadi isiyotimizika. Watazamaji wengi waliandika barua za malalamiko, na malalamiko hayo ni mwitikio wa hadhira ambao hakuna kitufe kingeweza kuutoa.

Mwaka uliofuata, katika "The Interview", Gelbart aliandika na kuongoza sehemu nzima isiyo na kicheko wala rangi: mwanahabari anawahoji wahusika, na majibu mengi yalitokana na maneno ya waigizaji wenyewe. Baada ya msimu huo wa nne, aliondoka.

5.0 Bei ya Uhuru

Mwaka 1980, Gelbart alipata alichokitaka. United States, tamthilia yake kuhusu ndoa iliyorushwa na NBC, haikuwa na kicheko cha kurekodiwa hata kimoja. Iliondolewa baada ya muda mfupi. Kwenye filamu alikutana na mgogoro wa namna nyingine. Tootsie (1982), aliyotambuliwa kuwa mwandishi wake pamoja na Murray Schisgal, ilipita mikononi mwa waandishi wengi. Tamthilia ya muziki City of Angels (1989), iliyomletea Tuzo ya Tony ya matini bora, yasomeka kama jibu lake: mwandishi wa riwaya anaona hadithi yake ikibadilishwa na mtayarishaji wa filamu, ukurasa baada ya ukurasa.

6.0 Hitimisho

Tumezoea kufundisha ramsa na tanzia kama tanzu mbili zenye mwisho tofauti. Kazi ya Gelbart inaonesha kuwa mpaka kati yake unaweza kukaa ndani ya neno moja, na kwamba anayeamua upande upi uangukiwe si mwandishi peke yake. Tunapochambua vichekesho vya Kiswahili vya redio na televisheni, haitoshi kuuliza nini kinachekesha. Tuulize pia nani anacheka kwanza: hadhira, mwigizaji au mashine. Fanani anayeitikiwa na kisanduku anaweza kudhani amesikilizwa. Lakini mpaka mtu wa kweli aitikie, ngano yake bado haijaanza.