Chungu na Neno: Juu ya Ushahidi wa Kuenea kwa Lugha za Kibantu Afrika Mashariki

Mwanafunzi afunguapo kitabu cha historia ya Afrika Mashariki hukutana mapema na ramani yenye mishale. Mishale hiyo huanzia mpakani mwa Nigeria na Kameruni, hupita msitu wa Kongo au kuuzunguka, hufika penye Maziwa Makuu, kisha huteremka hadi pwani na kusini mwa bara. Chini yake huandikwa: "Kuhama kwa Wabantu". Katika makala haya tunakusudia kuuliza mishale hiyo ilichorwa kwa ushahidi gani. Swali hili latuhusu sisi wa lugha hasa, kwa sababu mara nyingi mwanaisimu huisadiki ramani akidhani imethibitishwa na wachimbuzi wa mambo ya kale, na mchimbuzi naye huisadiki akidhani imethibitishwa na wanaisimu. Mashahidi wawili wanaonakiliana maneno ni shahidi mmoja tu.

1. Ushahidi wa neno

Yafaa tukumbuke kwamba "Bantu" ni istilahi ya isimu. W. H. I. Bleek aliitumia katika sarufi linganishi yake ya mwaka 1862 kwa lugha zilizofanana katika ngeli na mizizi. Hakukuwa na watu waliojiita kwa jina hilo. Karne moja baadaye Joseph Greenberg alishikilia kwamba chimbuko la lugha hizi ni mpakani mwa Nigeria na Kameruni, kwa kuwa huko ndiko ziliko lugha zilizo jamaa zake wa karibu. Malcolm Guthrie, ambaye majuzuu yake manne yalitoka kati ya 1967 na 1971, alihesabu mizizi iliyoenea na kuona kwamba imehifadhiwa kwa wingi zaidi katika lugha kama Kiluba na Kibemba. Kwa hiyo akakiweka kitovu cha mtawanyiko kusini mwa msitu. Mwaka 1966 mwanahistoria Roland Oliver alijaribu kuwapatanisha: chimbuko la Greenberg likawa kituo cha kwanza, na kitovu cha Guthrie kikawa cha pili.

Leo rai ya Greenberg kuhusu chimbuko ndiyo inayokubaliwa na wengi, na mwanzo wa mtawanyiko hukadiriwa kuwa miaka 5,000 hadi 4,000 iliyopita. Hata hivyo, neno peke yake halina tarehe. Mwanaisimu aweza kusema mzizi huu ni mkongwe kuliko ule, lakini hawezi kusema ni mkongwe kwa miaka mingapi bila kuazima saa ya mtu mwingine.

2. Ushahidi wa chungu

Saa hiyo iliazimwa kwa wachimbuzi. Mwaka 1948 Mary Leakey, Louis Leakey na Archdeacon W. E. Owen walichapisha maelezo ya vigae vya vyungu kutoka magharibi mwa Kenya, vilivyobonyezwa kishimo kitakoni. Baadaye aina hiyo ikaitwa Urewe, kwa jina la mahali katika nchi ya Siaya. Vyungu vya namna hiyo vimepatikana pia Uganda, Rwanda, Burundi na Buhaya, mara nyingi pamoja na mabaki ya tanuri za kuyeyushia chuma, na vya kale zaidi vyakadiriwa kuwa vya yapata mwaka 500 K.K. Katika miaka ya 1960 Robert Soper alichimba huko Kwale, kusini mwa Mombasa, akapata vyungu vyenye ujamaa na vya Urewe, vya karne za mwanzo B.K. Vyungu vinavyofanana sana na vya Kwale vimeonekana hadi Matola, karibu na Maputo, mwendo wa zaidi ya kilomita 2,000.

Ujamaa huu si wa kubahatisha. Umbo la mdomo wa chungu, mahali pa nakshi na mpangilio wa mistari ni mambo ambayo mfinyanzi hujifunza kwa mfinyanzi. Hapana budi basi kwamba palikuwa na mkondo wa watu waliofundishana. Lakini kutoka hapo hadi kusema "hawa walisema Kibantu" pana hatua ambayo haikupigwa na chungu. Ilipigwa na msomaji wa ramani.

3. Chungu hakisemi

Tuchukue Urewe penyewe. Mahali palipoyapa jina mabaki yanayohesabiwa kuwa ya wasemaji wa Kibantu wa kale, leo wenyeji wake husema Kijaluo, lugha ya Kiniloti. Ardhi imebaki ile ile, na lugha juu yake imebadilika. Ikiwa badiliko hilo limetokea katika karne chache zilizopita, hatuna dhamana kwamba halikutokea mara nyingine kabla yake.

Tutazame pia pango la Panga ya Saidi, katika Kilifi, ambamo watu walikaa au kupita kwa makumi ya maelfu ya miaka. Humo, mwaka 2021, lilitangazwa kaburi la mtoto wa miaka 78,000 hivi iliyopita. Katika tabaka za juu vimo vigae vya vyungu vya aina iliyotumiwa na wakulima. Lakini mtu mmoja aliyezikwa humo karne chache tu zilizopita ameonekana, kwa uchunguzi wa mifupa, kuwa wa asili iliyo karibu na wawindaji wa kale. Chungu cha mkulima kiliingia pangoni. Mkulima mwenyewe si lazima awe aliingia nacho. Chungu huuzwa, hutolewa mahari, huazimwa, huibwa.

Kosa la namna hii limewahi kutugharimu. Neville Chittick, aliyechimba Kilwa na Manda, aliupima mwanzo wa miji ya pwani kwa vyombo vilivyotoka Ghuba, akaona Manda imeasisiwa na wageni. Mark Horton alipochimba Shanga katika miaka ya 1980 alikuta kwamba tangu tabaka za chini kabisa vyombo vya kigeni ni sehemu ndogo tu, na vingi mno ni vyungu vya kienyeji. Kigae cha ng'ambo kilikuwa kimepewa sauti kubwa kuliko rundo la vigae vya nyumbani.

4. Na neno pia lataka kuhojiwa

Isidhaniwe kwamba sisi wa lugha tuko salama. Chukua kitenzi "fua". Mhunzi hufua chuma. Wagikuyu humwita mhunzi "mũturi", kutokana na "tura", mzizi ule ule wa kale. Je, yatosha kusema kwamba wasemaji wa Mame-Bantu walijua uhunzi? La. Kwa Kiswahili twafua nguo, twafua nazi, na maana iliyo chini ya zote ni kupiga. Mwaka 1977 Pierre de Maret na F. Nsuka walionya kwamba maneno mengi ya uhunzi yaweza kuwa makongwe kuliko chuma chenyewe: kazi mpya ilivikwa neno la zamani.

Kinyume chake ni mzizi wa "umba". Waganda husema "bumba" kwa kufinyanga, na "omubumbi" ni mfinyanzi. Wazulu nao wana "bumba" kwa maana hiyo hiyo. Wagikuyu husema "ũmba", na jina la mama yao wa asili, Mũmbi, hufasiriwa kuwa mfinyanzi. Katika Kiswahili b imedhoofika, kama "abantu" wa Kiganda walivyo "watu" kwetu, na kazi ya udongo imeachiwa "finyanga". Lakini twamwita Mungu Muumba. Hapa sauti zalingana, maana ni moja toka ikweta hadi Natal, na hakuna maana pana zaidi ya kuificha. Neno hili laweza kusimama kizimbani.

5. Ushahidi wa mfupa

Sasa amekuja shahidi wa tatu. Uchunguzi wa vinasaba vya mifupa ya kale, uliochapishwa mwaka 2017, umeonyesha kwamba huko Malawi asili ya wawindaji wa kale karibu haionekani kwa wakazi wa leo. Huko basi watu wenyewe walikuja, tena kwa wingi. Kwetu Kenya hali ni ya mchanganyiko zaidi, kwa kuwa wafugaji walitangulia wakulima kwa karne nyingi. Mwaka 2023 ukatoka uchunguzi wa watu 80, wengi wao wa miji ya pwani, kama Manda, Mtwapa na Kilwa. Ulionyesha kwamba tangu kadiri ya mwaka 1000 B.K. wanawake wa asili ya Kiafrika walizaa na wanaume ambao asili yao kubwa ni ya Uajemi.

Wako wanaodhani kwamba matokeo hayo yanamrudishia Chittick kesi yake. Sivyo. Shahidi huyu naye ana mpaka wake. Baba alileta nasaba, na bahari ikaleta vyombo, lakini mtoto alinena kwa ngeli za mama yake. Asiyekuwa na ila mfupa mkononi asingaliweza kubuni kwamba mji ule ulisema Kiswahili.

6. Hitimisho

Hatusemi kwamba mishale ya ramani ni ya uongo. Twasema kwamba si mshale mmoja: pengine watu walihama, pengine lugha ilihama na watu wakabaki, pengine chungu kilitangulia vyote viwili. Ili kujua lipi lilitokea wapi, kila shahidi asikizwe peke yake kwanza, kisha ndipo maneno yao yalinganishwe.

Kwa upande wetu ushahidi unapotea. Vigae vitakaa ardhini miaka elfu nyingine vikimngoja mchimbuzi. Majina ya udongo, ya nakshi, ya sehemu za chungu na hatua za kukioka yamo vinywani mwa wafinyanzi wachache, wengi wao wanawake wazee, ambao binti zao hununua sufuria dukani. Kamusi zetu zimeyaacha nje. Idara ya lugha isiyoyakusanya leo itabaki kuwauliza wachimbuzi tarehe, na wao wakituuliza neno hatutakuwa nalo.