Shinkolobwe (kijiji)

Shinkolobwe ni mahali palipokuwa na kijiji katika eneo la Kambove, jimbo la Haut-Katanga, kusini mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Pako magharibi ya mji wa Likasi, kando ya mgodi wenye jina hilohilo. Makazi yamejengwa hapo zaidi ya mara moja, na kila mara madini ndiyo yaliyowavuta watu.

Asili

Mwaka 1915 Mwingereza Robert Rich Sharp aligundua madini ya urani mahali hapo. Kampuni ya Kibelgiji ya Union Minière du Haut-Katanga ilianza kuchimba mwaka 1921, na wafanyakazi wakakaa katika kambi ya kampuni. Kilichotafutwa wakati huo ni elementi ya radi (radium), iliyotolewa katika mawe hayo kwenye kiwanda cha Olen, Ubelgiji, kuanzia 1922. Urani yenyewe haikuwa na soko kubwa. Vita Kuu ya Pili ya Dunia ilibadili hali hiyo. Sehemu kubwa ya urani iliyotumiwa na Marekani kutengeneza mabomu yake ya kwanza ya atomiki ilitoka Shinkolobwe. Mwaka 1960, Kongo ilipokaribia uhuru, mgodi ulifungwa na mashimo yake yakazibwa kwa zege.

Kijiji cha wachimbaji wadogo

Mwishoni mwa miaka ya 1990, kampuni ya serikali ya Gécamines ikiwa imedhoofika na ajira zikiwa haba, wachimbaji wadogo walianza kuingia Shinkolobwe. Walifuata kobalti, ambayo huchanganyika na urani katika miamba ya hapo. Wachuuzi na familia wakawafuata, na kijiji kikakua bila mpango wala kibali. Kufikia 2004 wachimbaji walikadiriwa kuwa maelfu.

Kubomolewa

Januari 2004 Rais Joseph Kabila alipiga marufuku uchimbaji hapo, lakini kazi iliendelea. Julai mwaka huohuo shimo liliporomoka na kuua watu, na Agosti wakuu wa serikali wakakibomoa kijiji. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliofika baadaye mwaka huo walionya kwamba mgodi ungeweza kuporomoka tena, na kwamba kuishi na kufanya kazi karibu na mionzi kwa muda mrefu ni hatari kwa afya. Kwa kuwa kobalti ilibaki ardhini na bei yake sokoni, marufuku haikutosha: uchimbaji wa kificho umeripotiwa hapo tangu wakati huo.