Ajali

Neno ajali tulilipokea kutoka Kiarabu, na huko asili yake ni muda uliowekwa, yaani siku ya mwisho aliyokadiriwa mja na Mola wake. Basi si ajabu kwamba lori lililosheheni mahindi linapofeli breki katika mteremko wa Ntendo kwenda Muze, pale uwanda wa Ufipa unapoporomoka kuelekea Bonde la Rukwa, waombolezaji husema imekuwa ajali, na kwa kauli hiyo hesabu yote ikafungwa.

Sheria haikuifunga. Mahakama haihoji kudura, huhoji uzembe: nani alijua breki zimekwisha akanyamaza, nani alizidisha magunia, nani aliruhusu watu wapande juu ya shehena. Yakithibiti hayo, Sura ya 310 ya sheria za Tanzania inawapa mume au mke, wazazi na watoto wa marehemu haki ya fidia, na Sura ya 169 inamlazimu mwenye gari kukata bima kwa ajili ya madhara ya watu wengine. (Kufungwa kwa dereva ni shauri jingine kabisa, wala hakulipi ada ya mtoto.)

Nimemwona mjane mjini Sumbawanga, bahasha ya kaki kwapani, ndani yake cheti cha kifo, taarifa ya polisi na muhtasari wa kikao cha ukoo, huku shemejiye akimnong'oneza aache, maana kudai ni kushindana na Mungu. Kwa yakini shemeji alikosea. Aliyekuwa akidaiwa ni mwenye lori pamoja na kampuni yake ya bima, na lililobaki ni barua ya usimamizi wa mirathi kutoka Mahakama ya Mwanzo.