Ndoto ya Mfalme na Ndoto ya Asha

Ndugu msomaji, ndoto si jambo la kupuuzwa. Katika Sura ya Yusuf twasoma habari za mfalme wa Misri aliyeota ng'ombe saba wanono wakiliwa na saba waliokonda. Ndoto ile ilipofasiriwa na kutiwa maanani, watu waliweka akiba, wakaokoka na njaa.

Watu wa sinema nao wameishughulikia ndoto kwa njia yao. Mwaka 1929, mjini Paris, Luis Buñuel na Salvador Dalí walionyesha filamu fupi iliyotokana na ndoto zao wawili. Mwaka 1943, huko Marekani, Maya Deren na mumewe Alexander Hammid wakatengeneza nyingine, ya mwanamke anayejiona usingizini. Hao walichimbua yaliyofichika nafsini. Nasi tumefundishwa kuwa yatokayo nafsini si yote ya kufuatwa.

Kwetu Afrika Mashariki, mwaka 2009, Wanuri Kahiu wa Kenya alitoa filamu fupi iitwayo Pumzi. Humo vita vya maji vimeikausha ardhi, na kila aotaye huamriwa kumeza dawa ya kuizima ndoto. Asha, mtunza makumbusho, aota mti. Atoroka na mche, aupanda jangwani, aumwagilia maji yake ya mwisho.

Zingatia basi: mfalme aliuliza maana ya ndoto, akawaokoa watu wake, watawala wa Asha waliinyamazisha, wakabaki na ukame. Uwe Mvita au Msangano, mwanao akikujia asubuhi na ndoto, usimkaripie. Msikilize, kisha mfundishe kupambanua.

Wallahu aalam.