Tarakilishi iliyozima skrini ili ipate kufikiri

Leo tuweke programu kando kidogo, ndugu msomaji, tutazame maunzi. Kuna ujanja mmoja wa zamani ambao kila nikiusoma nacheka peke yangu.

Mwaka 1977 Apple II ilianza kuuzwa Marekani kwa dola 1,298. Nani angemudu? Mwaka 1980 kampuni ya Clive Sinclair kule Cambridge, Uingereza, ikatoa ZX80 kwa pauni 99.95. Ndani mlikuwa na prosesa ya Z80, ROM ya kilobaiti 4 na RAM ya kilobaiti 1 tu! Skrini ilikuwa runinga yako ya nyumbani, na programu ulizihifadhi kwenye kaseti.

Sasa, nani alichora herufi kwenye runinga? Saketi maalumu ya kazi hiyo ni gharama. Mhandisi Jim Westwood aliitwika prosesa yenyewe mzigo huo.

Ilikuwa hivi: prosesa ilielekezwa kwenye maandishi ya skrini, ikayasoma kana kwamba ni amri za programu. Kila herufi ilidakwa njiani na saketi ndogo, na prosesa ikapewa sifuri, ambayo kwa Z80 maana yake ni "usifanye lolote". Lakini Z80, kila imalizapo kusoma amri, hutoa anwani ya kuhuisha kumbukumbu. Nafasi hiyo ndiyo iliyotumika kuchota umbo la herufi kutoka kwenye ROM na kulipeleka kwenye runinga. Mwisho wa mstari uliwekwa nambari 118, ambayo kwa Z80 ni amri ya kusimama na kusubiri.

Mstari mtupu ulikula baiti 1 pekee. Hilo lilikuwa muhimu, maana skrini iliyojaa (mistari 24 ya herufi 32) ingekula zaidi ya baiti 768 kati ya 1,024 zilizopo.

Hasara yake? Prosesa haikuweza kuchora na kupiga hesabu kwa pamoja. Programu ikianza kazi, picha inapotea. Mwaka 1981 ZX81 ilipunguza tatizo hilo: ilipiga hesabu wakati runinga inachora pambizo tupu za juu na chini, ingawa kwa mwendo wa kobe. Chipu 21 za ZX80 zikawa 4, na bei ikashuka hadi pauni 69.95. Ziliuzwa zaidi ya milioni 1.

Wapo wanaoiita mwanasesere. Mimi siafiki. Bei ndiyo mlango, na kila chipu iliyoondolewa iliupanua. Sisi waandishi wa programu tunafanya kinyume: tukiongeza megabaiti bila sababu, mwenye simu ya bei nafuu anafungiwa nje.

Zipo programu za kuiga ZX81. Pakua moja, jiwekee kilobaiti 1, kisha ujaribu kuandika mchezo mdogo.